Vita vya Khawla kwa Jina la Bibi Harusi

Kipya kinyemi ingawa kidonda, walisema wahenga, ambao hawakupata kuhariri kanda ya harusi. Kikongwe ndicho kinyemi. Kipya ndicho kidonda. Basi sogeeni, enyi watu wa Shangani na Mkunazini, wekeni chini vikombe vya kahawa, mpate kusikia namna Khawla binti Tamim, simba jike wa kibodi, alivyopigana na kompyuta mwaka wa elfu mbili na mbili, baina ya adhuhuri na alasiri, ili jina la mtu lisomeke.

Zama zilipokezana. Mwaka wa thamanini na tano majina ya maharusi yaliandikwa kwa chaki, ubao ukapigwa kamera, na watu wakaridhika. Ikaja mashine yenye herufi za pembe kama matofali. Kisha ikaja kompyuta, na ndani yake ikapachikwa plagini, kijiprogramu cha madoido, kilichorusha mawaridi, kikawasha moto usiounguza, kikazungusha jina la bwana harusi mpaka mama yake akashikwa na kizunguzungu. Aliileta Suhail, mwenye duka la kanda alimofanya kazi Khawla, mshindi wa ubishi katika kila baraza, kwenye sidii ya majaribio ya siku thelathini. Siku hizo hakuzihesabu mtu.

Siku ya thelathini na moja akaja Bi Mwanapili, somo aliyemfunda bibi harusi, kuchukua kanda. Nada, bibi harusi mwenyewe, alikuwa asafiri jioni ile kwenda Maskati, kwa wakwe ambao hawajapata kumtia machoni, na kanda ile ndiyo ingemjulisha kwa wanawake wa nyumba. Khawla akabonyeza. Usoni mwa Nada, tangu paji hadi kidevu, ikatanda alama nyekundu ya mkasi, X nzima, kama mwalimu anavyokata jawabu la mjinga. Majaribio yalikuwa yamekwisha.

"Ya Rabbi!" alisema Bi Mwanapili. "Wakwe watasema tumewapelekea kosa."

Suhail akasikia kutoka barazani. "Khawla! Nakuja kuitazama. Hiyo nnaijua mimi."

"Huji. Hii ni kanda ya kina mama, wamo vichwa wazi wanacheza. Ndiyo maana nahariri mimi, si wewe."

"Nitafumba macho!"

"Utengeneze kompyuta umefumba macho? Kaa barazani, ewe sultani wa sidii!"

Akasukuma komeo, na komeo likalia kama mzinga wa Ngome Kongwe. Suhail akaugonga mlango wa duka lake mwenyewe, na wanywa kahawa wakageuza viti wapate kuona vizuri.

Khawla akaing'oa plagini. Mawaridi yakanyauka, alama ikafutika, na jina likaondoka nayo. Akajaribu herufi ambazo programu ya kuhariri ilizaliwa nazo. Bi Mwanapili akazitazama kwa huruma.

"Hizi za tanzia, mwanangu. Nani kafa?"

Hapo shujaa akainamisha kichwa, na jicho lake likaangukia vidole vya yule bibi, vyeusi kwa piko aliyowachorea maharusi wa nusu ya mji.

"Shikamoo, Bi Mwanapili."

"Marahaba. Si ushaniamkia?"

"Hii ya vidole. Piko unayo?"

"Mkobani. Askari huacha bunduki nyumbani?"

Karatasi nyeupe ikatandikwa mezani kama uwanja wa vita. Bi Mwanapili akaandika *Nada*, akalizungushia jina mashada na vikuba vya maua vile vile alivyomchora mwali viganjani. Khawla akaipiga karatasi kamera, akaiamuru kompyuta itupe weupe wote na kubakisha weusi. Kompyuta ikawaza. Ikawaza tena. Muadhini akakohoa kwenye kipaza sauti. Ndipo jina likachomoza juu ya shela nyeupe ya bibi harusi, likatulia, halikuruka wala kuzunguka.

Bi Mwanapili akapiga kigelegele kimoja, kirefu. Andikeni, enyi waandishi wa tarehe: siku hiyo, Unguja, mtu aliandikwa jina lake na likasomeka.

Kanda ikatoka chini ya buibui la somo, ikashika njia ya uwanja wa ndege. Suhail alikuwa amesimama kizingitini, uso umemvimba.

"Umenifungia duka langu, Khawla, mbele ya baraza zima. Niombe radhi."

"Siombi."

"Neno moja tu!"

"Nshakupa. Siombi."