Boma la Ndege wa Mchangani

Jumatatu, 11 Agosti 2025
Mgongo umekwisha. Kutwa tunachimba mashimo ya nguzo za mpaka wa hifadhi hii ya ufukweni, mimi na Audace wa Katumba. Ndani ya mpaka: ndege wa ziwa, fisi maji na viboko. Nje: sisi. Jioni mhifadhi wetu, Afande Dorotea, akatangaza kwamba nguzo zikiisha vibarua tunarudi makwetu, ila mmoja atabaki kuwa mlinzi wa kudumu. Buti! Koti! Mshahara wa kila mwezi! Kwetu Meatu waliniaga kwa vigelegele, siwezi kurudi na jembe lilelile. Kazi hii ni yangu. Audace hajui bado.

Jumanne, 12 Agosti
Audace anajua. Kaamka kabla yangu, kafagia mbele ya hema la Afande, na majani yote kayasukumia mbele ya hema langu. Msaliti!
Mchana Afande akatuonyesha ndege wenye midomo mirefu myekundu. Wanataga juu ya mchanga mtupu, bila kiota. Akasema mbwa wa kijijini wanakula mayai, na kwamba yeye hatamsahau atakayeyalinda vizuri. Nikacheka moyoni. Kulinda vitu vidogo vilivyolala chini? Mimi Msukuma, nimekulia kwenye zizi la ndama!

Jumatano, 13 Agosti
Nimekata miiba mpaka mikono inavuja damu. Nimeyazungushia mayai boma zuri, lenye mlango. Audace akapita, akaniuliza, Maduhu, hao ndege unawakamua saa ngapi? Nikamwambia mkulima wa tumbaku kama yeye hawezi kuelewa mifugo. Mama Pudensiana, mpishi wetu, naye akaja na mwiko wake. Eti baba, hapo ulipoziba ndipo viboko wanapopita kwenda malishoni. Nikamjibu kwa heshima kwamba ugali unaungua. Kiboko ni ng'ombe tu asiye na pembe. Akiona boma, anazunguka.

Alhamisi, 14 Agosti
Hakuzunguka.
Kulipokucha tu nikamwona anarudi ziwani, nusu ya boma langu shingoni kama shada la arusi, kanuna, anang'oa nguzo zetu moja baada ya nyingine. Na anaelekea kwenye mayai! Mimi sikuweza kusaidia kwa sababu nilikuwa juu ya mti. Audace pia. Mti mmoja, tawi moja. Hatukusalimiana. Ni Mama Pudensiana aliyetoka na sufuria, akaipiga kwa mwiko huku anamtukana kiboko kwa Kifipa, mpaka mnyama akageuka akaingia majini. Mayai yote mazima.
Afande akauliza nani kajenga boma. Nikasema ni kazi ya pamoja. Audace, ambaye hajawahi kunisifu, akasema hapana afande, ufundi wote ni wa Maduhu.

Jumamosi, 16 Agosti
Mlinzi wa kudumu ni Mama Pudensiana. Buti zimemkaa vizuri, lazima niseme. Mimi na Audace tunasimamisha nguzo upya, kisha kila mtu kwao. Audace kalia kidogo. Mimi sikulia. Nina akili.
Kwani sasa nani anapika? Hakuna! Nimemwendea Afande, nikamwambia naweza. Kanitazama sana, kisha kasema nijaribu kesho. Kuni ziko mbali, lakini kwetu tunapikia samadi ya ng'ombe, na hapa njia ya viboko imejaa samadi ya bure. Mama Pudensiana kaniona naizoa, akasema niirudishe, kwamba kiboko huiweka pale kuonyesha njia ni yake, na ataifuata. Mama mzuri, jasiri, lakini hajui mifugo.
Nimejaza magunia mawili. Nimeyapanga vizuri, kando ya hema ninamolala.