Matanga ya Wafalme wa Kitabuni

La mgambo lilipolia asubuhi ile, mji mzima wa Bagamoyo ulitoka mbio, maana tumbo tupu lina masikio makubwa. Wengine walikuja na vikapu kabisa. Mimi, Mwinshehe, karani wa Naibu wa Liwali, nikapanda juu ya kinu kilichopinduliwa (vinu havikuwa na kazi nyingine mwaka ule) nikatangaza kwa sauti yangu ya kiserikali:

"Watu wote mnaarifiwa kwamba dawa ya njaa imepatikana! Dawa yenyewe ni kitabu!"

Vikapu vikashushwa chini.

Nieleze. Liwali alikuwa amekwenda Unguja kutibiwa jino, akamwachia mji Naibu wake, Bwana Ramadhan. Mvua zilikataa. Mpunga wote uliosalia ulikuwa ghalani mwa Naibu, na ufunguo ulikuwa kiunoni mwake. Naibu alitafakari sana, akaona kwamba njaa inaletwa na watu kutowajua wakubwa. Mtu akisomewa habari za wafalme na watu wa nasaba, huona haya kuomba chakula. Maneno hayo niliyatunga mimi, na wallahi niliyapenda.

Bibi mmoja akajipenyeza mpaka mbele. Alikuwa Bi Mwanvita, mkulima wa Fukayosi.

"Shikamoo, bwana."

"Marahaba."

"Nimekuja kwa miguu. Wajukuu zangu wanakula mizizi ya porini. Sasa hicho kitabu kinaliwaje, cha kuchemsha au cha kuchoma?"

"Kinasikilizwa, bibi."

"Basi afadhali mizizi."

Nikamwandika kuwa mtu asiyependa elimu.

Hapo likaundwa Baraza Dogo la Kuteua Vitabu vya Wafalme na Wenye Nasaba. Naibu alikuwa mwenyekiti, mimi karani, na wa tatu alikuwa Ausi, msomaji mwenye sauti nzuri kuliko wote mjini. Ausi alizoea kusoma maharusini. Mwaka ule hapakuwa na harusi, kwa hiyo sauti ilibaki lakini mwenyewe alikuwa amekwisha.

Kitabu cha kwanza kilimhusu mfalme aliyevaa matambara usiku na kuzunguka mitaani kuangalia nani kalala na njaa.

"Huyu si mfalme, huyu ni mlinzi," akasema Naibu. "Watu wakisikia haya wataningoja mimi mlangoni. Weka chini."

Cha pili kilimhusu mfalme mwadilifu aliyemchinja naibu wake kwa wizi. Naibu akajishika shingo.

"Kitabu hiki kina makosa ya lugha," akasema.

"Mengi mno," nikaitikia, ingawa nilikuwa sijakifungua.

Cha tatu alikileta Dominiko wa misheni. Kilikuwa cha Kizungu, chenye picha ya mfalme aliyevaa soksi mpaka mapajani na nywele za bandia. Nikazisifu soksi kwa kirefu.

"Alikuwa mtu mkubwa?" akauliza Naibu.

"Mkubwa sana, bwana," akasema Dominiko, "mpaka siku raia zake walipomkata kichwa."

Tukamwomba Dominiko atoke kwa mlango wa uani, kitabu kakifunika kwa shuka.

Cha nne kilikuwa tarehe kuukuu, yaani historia ya ukoo mmoja wa kifalme, yenye harufu ya ukungu. Kila ukurasa ulisema vilevile: fulani bin fulani akazaliwa, akatawala, akafa, akarithiwa na mwanawe. Hakuna hata mmoja aliyefanya jambo lolote.

Naibu akafurahi karibu alie. "Huu ndio utawala," akasema. Kikapita bila pingamizi.

Ikabaki kutunga Adabu za Usomaji, kazi niliyoililia mwenyewe. Nikaweka hivi: mfalme akizaliwa, vipigwe vigelegele, akitawala, watu wainame, akifa, aliliwe kama ndugu wa damu wa Naibu, kwa kuwa Naibu ni wa ukoo huohuo. Undugu huo niliuvumbua mimi, maana nilikuwa nakitamani kilemba cha ukubwa kupita kiasi. Na kwa kuwa nilikuwa katika kuvumbua, nikajiingiza na mimi kwa upande wa mama. Yote yakatangazwa kwa mgambo.

Siku ya kusoma, uwanja mbele ya nyumba ya Naibu ulijaa. Ausi akakohoa, akaanza. Mfalme wa kwanza akazaliwa: vigelegele. Akatawala: watu wakainama, na Naibu akatabasamu kama bwana harusi. Akafa.

Bi Mwanvita akaweka mikono kichwani.

"Yoo! Yoo! Jamani, Bwana Naibu kafiwa!"

Wanawake wote wakampokea. Kilio kikapanda mpaka ufukweni.

"Nyamaza wewe bibi!" Naibu akafoka. "Huyo kafa tangu enzi na enzi!"

"Msiba hauna kuzeeka, bwana. Sisi habari tumeipata leo."

Akatandika jamvi lake barazani, akakaa. Wenzake wakatandika. Hapo ndipo jasho liliponitoka. Kwetu pwani watu wakija kulia hulala matangani, na mfiwa ndiye anayewalisha. Jambo hilo kila mtoto analijua. Sisi wasomi watatu tulilisahau.

"Mwinshehe," Naibu akaninong'oneza, "waambie si ndugu yangu."

"Tumekwisha tangaza, bwana. Tena kwa mgambo."

Nikatazama mawingu ili nisimtazame yeye, na mawingu hayakuwapo. Mtu wa pwani aweza kunyima mshahara, aweza kunyima haki, lakini akinyima wali wa matanga hana tena pa kuweka uso. Ghala likafunguliwa.

Watu waliposhiba kidogo, Naibu akaamuru usomaji ukome. Bi Mwanvita akainua mkono kwa adabu.

"Bwana, marehemu kaacha mwana. Hatuwezi kulala bila kujua yatima yu hali gani."

Ausi, ambaye wali ulikuwa umemrudishia mashavu, akafunua ukurasa. Yatima akatawala. Akafa.

"Masikini! Nyumba hii ina mkosi gani!" watu wakalia, na sufuria ikarudi motoni.

Habari zikafika Mapinga, zikafika Mkange, kwamba Naibu wa Bagamoyo anafiwa mfululizo. Watu wakaja na jamaa zao, macho mekundu kwa vumbi la njiani, ambalo lilifaa. Wengine wakapiga hodi kwangu, upande wa mama. Mbuzi wangu wa maziwa, niliyekuwa nikimpenda kuliko baadhi ya ndugu, alikwenda na mfalme mmoja ambaye hata jina lake silikumbuki.

Naibu akaagiza kitabu kisomwe kuanzia mwisho. Wafalme wakafa kwanza, ndipo wakazaliwa. Wali ukaliwa vilevile.

Mwishowe magunia yakawa ya kuhesabika. Naibu akatoka nje, kichwa wazi, bila kilemba.

"Sikilizeni! Mimi si wa ukoo huo! Sina mfalme hata mmoja! Babu yangu alikuwa akichuuza papa mkavu kule Saadani, akimbeba mwenyewe kichwani! Haya, kunjeni majamvi!"

Watu wakatazamana. Mimi nikashusha pumzi. Kikarani, shauri lilikuwa limekwisha. Bi Mwanvita akainuka taratibu.

"Huyo babu yako, jina lake nani?"

Naibu akasita. "Dadi."

"Yu hai?"

"Alikufa. Nilikuwa nimekwisha pata cheo hapa."

"Matanga yake ulikaa?"

"Walikuja kuniita," akasema Naibu. "Nikawaambia simjui."

Hakuna aliyecheka, na mji ule hucheka. Bi Mwanvita akamsogelea, akamshika mkono kwa mikono yake yote miwili, kama apewavyo pole mfiwa.

"Makiwa, mwanangu."

Naibu akafungua kinywa amkemee, kikatoka kilio. Hakulia kiserikali. Alilia kwa kamasi, akikaa chini kwenye jamvi la watu, akisema babu ndiye aliyemlea, babu ndiye aliyempeleka chuoni, ada ya mwalimu ikinuka papa. Nikaona aibu kusikia, kisha nikaona aibu ya kuona aibu.

Akafungua ufunguo kiunoni, akampa Bi Mwanvita. "Pikeni. Na utakaobaki wapelekee wajukuu zako."

Nikamkumbusha, kwa heshima, kwamba magunia yale ni akiba ya Serikali.

"Mwinshehe," akasema, "kateke maji."

Nikateka. Ghala likamalizikia kwa matanga ya muuza papa. Wafalme wote tulikuwa tumewapikia wali mtupu. Wa Dadi peke yake ulitiwa nazi.