Siku Mwandishi wa Filamu Alipouzuia Ufagio

Enyi mliokaa na enyi mliosimama, nyamazeni, na anayetafuna atafune polepole, kwani nawaletea habari za Jemadari wa Kalamu, Simba wa Meza ya Jikoni, mwandishi wa filamu ambaye kazi zake zilitazamwa na wengi, na yeye mwenyewe hakujulikana hata na mwenye nyumba wake.

Miaka mingi aliwatia mashujaa maneno vinywani, akateketeza maadui kwa mafungu, akaozesha mabinti wa matajiri, na miaka hiyo yote mama mkwe wake, bibi ambaye akikukazia jicho unakumbuka makosa ya utotoni, hakubadili kauli: "Huyu bwana hana kazi. Anashinda nyumbani anaongea peke yake."

Kauli hiyo ilimchoma kuliko mkuki. Basi filamu yake mpya ilipotoka, akampeleka bibi yule sinema mchana kweupe, mkewe akikaa katikati kama mpaka wa falme mbili, ili mama alione jina la mkwewe kwa macho yake.

Filamu ikaisha. Ole! Majina ndiyo kwanza yanaanza kupanda, taa zikawaka, watu wakainuka kama jeshi lililosikia chakula kimeiva, na mfagiaji, dada mrefu mwenye ufagio mpana, akaja akisukuma bisi kuelekea safu yao. Mama mkwe akashika mkoba.

"Mama, kaa kidogo!" akalia shujaa.

"Nikae nini, baba? Si yule bwana wa filamu ameshakufa?"

Ndipo Simba akaruka kiti cha kwanza, akaruka cha pili, cha tatu kikamkamata suruali. Akasimama mbele ya ufagio, mikono ameitanua.

"Ewe dada, hapa hupiti! Waongozaji wamenifuta, wahariri wamenikata, waigizaji wamenipindulia maneno hata nisiyatambue. Leo ukitaka kunifagia, nifagie nimesimama!"

"Kaka," akasema mfagiaji, "mimi nafagia bisi tu. Hebu inua mguu."

Hakuinua. Yakapanda majina ya madereva, akapanda mtunza mbwa, akapanda mbwa mwenyewe. Na chini ya mbwa likatokea jina la shujaa, lote kamili, kwa herufi ndogo kama chawa, likapita zake.

Hakuthubutu kugeuka.

"Nimeliona," akasema mama mkwe, miwani puani. "Kwa hiyo maneno yote yale umeyatunga wewe?"

"Ndiyo, mama."

"Hata ya yule mama aliyemfukuza mumewe na godoro lake?"

Mkewe akaangalia dari.

"Yale niliyasema mimi," akasema bibi. "Nikimwambia baba mkwe wako. Jikoni kwako!"

"Ndiyo, mama. Watu walicheka sana pale."

Bibi akaweka mkoba begani, akamgeukia mfagiaji kwa madaha.

"Mwanangu, tupishe. Sisi ni waandishi."

Naam, na ikumbukwe vizazi kwa vizazi kwamba siku hiyo Jemadari wa Kalamu alipata kazi, na kabla hajafika mlangoni, akapata na bosi.