Kadi Nyeusi ya Penina

Jumapili, 11 Mei

Penina anachumbiwa! Wanakuja Jumamosi! Haya sasa, habari za jioni, daftari. Nimeshasema, roho imetulia.

Mwanangu wa kwanza. Wa mapokezi kule hotelini, juu ukingoni mwa kreta ya wanyama, anaongea na Wazungu bila kutafuta maneno. Kijana ni Lemayian wa Kakesio, dereva wa watalii. Baba yake alishafariki, kwa hiyo mwenye neno ni baba yake mkubwa, Mzee Tobiko. Na huyo mzee, nimeambiwa, aliwahi kuuliza binti wa wakulima ataweza nini kwenye boma la ng'ombe. Nikimpata! Hapana. Nitamkirimu. Jumamosi ndiyo anaamua. Akikubali, mazungumzo ya mahari yanaanza. Akikataa, Penina atalia na mimi nitaugua.

Kwa hiyo kila kitu kiwe cha hadhi. Kwanza kadi. Jirani yangu Mama Inosenti alipomchumbisha binti yake alichapisha kadi Arusha, rangi ya maziwa. Mpaka leo imebandikwa ukutani kwake. Mimi ya kwangu nimeitengeneza kwa simu. Simu ya kupangusa, kaninunulia Penina. Mama Inosenti ana simu ya kitochi, ya vibonyezo. Sisemi kitu.

Penina alinifundisha kabla ya kurudi kazini. Unaingia kwenye mipangilio, kila programu unaichagulia peke yake, hii iwe na mwanga, hii iwe na giza. Watsapu nimeipa giza, maana Mama Inosenti hunichungulia begani kanisani. Picha nimezipa mwanga. Nyimbo za kwaya giza. Kikokotoo mwanga. Ile ya kutengenezea kadi Penina alisema niiache na mwanga. Kwa nini? Alieleza, sikusikiliza, maziwa yalikuwa yanafurika jikoni. Nimeipa giza. Giza ni maridadi, halafu haliumizi macho.

Kadi yenyewe: nyuma nyeusi tii. Picha ya Penina katikati, anatabasamu. Juu yake msalaba, maana sisi ni Wakristo. Jina lake kwa dhahabu. Tarehe 17 Mei kwa dhahabu. Maneno mengine nikayaacha na rangi yaliyokuja nayo, yakang'aa meupe: karibuni wakwe zetu kwa furaha, mbuzi yupo, pilau ipo. Nikamtumia mama yake Lemayian, anaitwa Nanyokie. Ilipotokea Watsapu ilikuwa ndogo kama stempu, na miwani nimeiacha chumbani. Niliona weusi, dhahabu na mwanangu. Basi inatosha. Imependeza! Mama Inosenti sijamwambia. Atashtukia magari.

Jumatatu, 12 Mei

Nanyokie amepiga. Ukungu leo tangu asubuhi, kreta imeutema wote hapa Rhotia. Sioni hata zizi. Nimesimama mlangoni, simu sikioni. Kwanza hakusema. Upepo tu wa Kakesio, na mtu anapumua. Kisha akasema kadi wameiona, ukoo mzima, na tangu jana wamekaa kimya. Nikamwuliza kama imewagusa. Akasema imewagusa sana. Nilijua!

Akauliza huyo mtoto yuko wapi sasa. Nikamwambia yuko juu kule kwenye baridi, Jumamosi asubuhi atashuka. Nikamwambia asihangaike, tumejipanga, mbuzi tunachinja wenyewe. Akasema hajawahi kuona mama mwenye moyo mgumu kama wangu. Nikashukuru.

Ila kitu kimoja. Hakumtaja Penina kwa jina hata mara moja. Huyo mtoto, yule wetu, basi. Nilipolitaja mimi alivuta pumzi kama aliyekanyaga mwiba. Nimemweleza mume wangu Valeriani, akasema labda kwao mkwe hatajwi ovyo. Ni heshima! Lemayian mwenyewe yuko Serengeti ya kaskazini na wageni. Nanyokie kasema wamekubaliana asiambiwe kitu njiani, ataambiwa akishafika nyumbani na kukalishwa chini. Wanamwandalia sapraizi. Watu wazuri sana hawa.

Jumatano, 14 Mei

Ukungu haujaondoka. Mtandao wa kule ukingoni umekatika, Penina simpati. Ruhusa alishaomba.

Leo jambo. Niko jikoni, mchana kweupe, nasonga ugali. Nikafungua Watsapu niitazame kadi. Kabla picha haijafunguka, lile giza la simu likawa kioo cha kujitazamia. Nikajiona. Na nyuma yangu, mlangoni, mtu. Mrefu. Amejifunika.

Nikageuka. Hakuna. Ukungu tu unaingia polepole, kama moshi uliotoka ukasahau kitu ndani. Nikatoka nje na mwiko. Mbuzi wote wamesimama, hawali, wanaangalia upande mmoja, njia ya kwenda juu. Nikawaita. Hata mmoja hakugeuza sikio.

Nikarudi nikaipa Watsapu mwanga. Nikakaa nayo hivyo kidogo. Kisha nikamkumbuka Mama Inosenti na kanisa, nikairudishia giza. Bora mzuka.

Alhamisi, 15 Mei

Valeriani anachimba choo kipya cha wageni. Wazo langu. Wakwe hawawezi kuingia kwenye kile chetu chenye mlango wa gunia. Kinachimbwa nyuma ya migomba, kirefu, pembe zimenyooka kama zimepigwa rula.

Adhuhuri mbwa akaacha kubweka ghafla, katikati ya mbweko. Nikatazama getini. Kijana wa Kimasai, kondoo mweusi kamba mkononi. Hakubisha hodi. Sijui alisimama pale tangu saa ngapi. Kumbe ni Meitamei, mdogo wake Lemayian, katumwa na wazee alete kondoo. Nikamkaribisha ndani, akakataa. Chai, akakataa. Akaniuliza kwa sauti ya chini kama mahali pameshaandaliwa.

Wamesikia habari za choo mpaka Kakesio! Nikamshika mkono nikampeleka nyuma ya migomba. Valeriani alikuwa ndani ya shimo, kichwa tu kinaonekana. Nikamwambia kijana kwamba mume wangu anachimba kwa mikono yake mwenyewe, fundi amemkataa, yote kwa ajili ya Penina. Meitamei akalitazama lile shimo. Akajiziba mdomo kwa shuka. Machozi! Nikamwambia asijali, juu tutaweka saruji. Akaondoka bila kugeuka, ukungu ukammeza kuanzia miguuni.

Valeriani akasema kuna kitu hakiko sawa. Nikamwambia yeye na kitochi chake waendelee kuchimba, mambo ya kisasa aniachie mimi.

Jumamosi, 17 Mei

Sijui nianzie wapi, lakini niandike.

Walifika asubuhi, magari mawili ya kruza, taa zinawaka ndani ya ukungu kama macho. Wakashuka. Hakuna aliyesalimia kwa sauti. Wanawake hawakuvaa shanga, hata hereni, shingo tupu. Mimi nilizisubiri shanga kuliko kitu chochote! Wakaketi kwenye viti vyangu vya kukodi vyenye vitambaa vya waridi, vichwa chini. Nikadhani wanaona aibu ugenini, nikapiga kigelegele kuwachangamsha. Kimoja, kirefu. Kikaenda kwenye ukungu kikarudi peke yake. Wakanitazama kama mtu ambaye akili imemwacha. Mama Inosenti alikuwa uani kwake. Hata yeye alinyamaza, na huyo hanyamazi.

Mzee Tobiko akasimama na fimbo yake. Alikuwa na majani mabichi mkononi. Akasema yeye ndiye aliyesema vibaya juu ya binti wa wakulima, na leo maneno yale yamemrudia tumboni. Akaomba aonyeshwe mahali. Nikajua ni safari ndefu, mzee amebanwa. Nikamwambia Valeriani ampeleke, na maji ya kunawa.

Hapo ndipo Penina alipotokea. Kutoka juu, njia ya shambani, katikati ya mahindi. Gauni jeupe. Viatu kavishika mkononi kwa sababu ya tope, hatua zake hazisikiki. Ukungu ulimfika magotini, akawa kama anaelea. Wanawake wakainuka wote pamoja, viti vikaanguka. Meitamei akarudi nyuma mpaka akagonga gari. Nanyokie hakukimbia.

Mwanangu ana adabu. Lemayian alishamfundisha desturi yao: mdogo humwinamia mkubwa, na mkubwa humwekea mkono kichwani. Akaenda moja kwa moja mbele ya Mzee Tobiko, akainamisha kichwa, akangoja.

Mkono wa mzee ukainuka. Ukasimama hewani. Kondoo alilia nyuma ya nyumba, basi, hakuna kingine kilichosikika. Nikaogopa. Sikujua naogopa nini. Nilijua tu kwamba mkono ule usiposhuka, mwanangu hatakuwa mtu wao kamwe.

Ukashuka. Ukagusa utosi wake, ukashtuka, ukarudi ukatulia.

"Ana joto," akasema Mzee Tobiko. Kisha akageuka. "Nanyokie, njoo umshike. Penina ana joto."

Akamtaja jina. Nanyokie akamshika uso kwa mikono miwili, akacheka na kulia kwa mkupuo mmoja, akamtaja jina tena na tena mpaka likaanza kuimbwa na wanawake wote.

Kadi ikatolewa kwenye simu ya Meitamei. Nikaitazama na miwani kwa mara ya kwanza. Weusi. Msalaba. Picha ya mwanangu. Jina lake, na tarehe. Basi! Hakuna furaha, hakuna mbuzi, hakuna pilau. Tanzia kamili, na wao tarehe waliidhani ya mazishi. Penina akanieleza, safari hii nikasikiliza: maneno yalikuwa meusi juu ya weusi tangu mwanzo, ila giza nililoipa programu ndilo lililonigeuzia niyaone meupe, kwenye simu yangu peke yangu. Na kwao wafiwa huvua shanga, majani mabichi ni ya kaburini, na aliyekufa hatajwi jina tena. Sasa naielewa ile heshima.

Nilitaka nizame kwenye shimo la Valeriani. Lakini Mzee Tobiko alinishangaza. Akasema mtu aliyeliliwa akiwa hai ana siku nyingi za kuishi, na binti anayetoka kwa wafu kuja kuinamia wazee hawezi kushindwa na ndama. Ng'ombe wa mahari atawachagua yeye mwenyewe. Ila siku iliyoanza kwa kilio haizungumziwi mahari. Watarudi siku nyingine, na shanga.

Mbuzi wakamla. Choo mzee akakitumia, akakisifu. Lemayian yuko porini, hajui kwamba wiki hii alifiwa na mchumba akampata tena.

Jumatatu, 19 Mei

Tarehe mpya imepangwa! Penina amerudi kazini. Kabla hajaondoka alizipa programu zote mwanga, akaniapisha nisiguse. Nimeapa. Lakini mwanga wenyewe! Simu inaniwakia usoni kama nimekamatwa na doria ya wanyamapori. Nimerudisha giza moja tu. Ile ya kadi.

Kosa nimeshalijua. Lilikuwa picha. Msichana mdogo kwenye weusi, lazima watu washtuke. Safari hii nimeweka mtu mzima, mgeni rasmi mwenyewe, Mzee Tobiko. Nilimpiga picha wakati wa kuaga, amekaa wima, hacheki. Nimemweka katikati, mkubwa. Weusi tii. Msalaba nimeuondoa, nimemzungushia shada la maua. Jina lake lote kwa dhahabu, tarehe kwa dhahabu, maneno mengine meupe, na nimeyasoma yote palepale kwenye programu, na miwani. Yanasomeka vizuri kabisa. Hata Penina atanisifu.

Nimetuma Kakesio. Nimetuma Baray kwa mashemeji. Nimetuma mpaka Ololosokwan kwa ndugu zake mzee, ambao hatujaonana bado. Mama Inosenti nimemwonyesha mwenyewe, kwenye Watsapu, karibu na uso. Akajishika kifua. Wivu. Akaniuliza kwa sauti ya chini ni lini.

Nikamjibu Jumamosi, tarehe 31 Mei. Wote wanakuja.