Vipaza Sauti vya Kuitia Wenye Kesi

Mheshimiwa hakimu, ambaye yuko ndani anaendelea na kazi, waheshimiwa mawakili mliojibanza kivulini, makarani, askari wa zamu, mke wangu mpenzi, wadai, wadaiwa, mashahidi, na ninyi mliopotea njia mkadhani hapa ni kliniki, itifaki imezingatiwa! (Makofi.)

Mimi, Mwenyekiti wa Kamati ya Maboresho ya Mahakama, nasimama katika ua huu kuzindua, kwa mapana na marefu yake, Mradi Jumuishi wa Kidijitali wa Vipaza Sauti vya Kuitia Wenye Kesi, uliopitia upembuzi yakinifu, wokshopu sita, na semina elekezi ya kuandaa wokshopu ya saba. (Sauti nyuma: "Hatusikii!") Asanteni kwa fidibaki.

Ndugu zangu, zamani karani alichungulia mlangoni, akaita jina mara tatu kwa sauti ya mtu mwenye mafua, na mdai asiyeitika kesi yake ikafutwa. Mnamjua Mama Cherehani, jirani yangu, anayetaka nibomoe ukuta wangu kwa kuwa umeziba dirisha lake la chumba cha kushonea, eti anatunga uzi kwa kupapasa mchana kweupe. Kesi yake imefutwa mara mbili kwa kutohudhuria, naye maskini wa Mungu alikuwa amekaa benchi lile pale, na kikapu chake mapajani! (Kicheko.) Nililia. Kimoyomoyo, lakini nililia. Hata hivyo, kitakwimu, mlundikano wa kesi umepungua kwa asilimia tisini na moja, na wanaolalamika ni wale tu waliofutiwa.

Leo karudi mara ya tatu, na uzinduzi huu, kwa bahati tu, umeangukia saa nne, saa ile ile ya kesi yetu. Mama, mbona umeganda mlangoni? Njoo ukae mbele, jirani, upige makofi!

("Nitasimama tu, jirani yangu. Wewe endelea, unasema vizuri.")

Mmemsikia! Basi pigeni makofi, pigeni vigelegele, mpaka bati litikisike! (Makofi ya muda mrefu. Karani achungulia, midomo yake yacheza. Mama Cherehani anyoosha mkono, aingia ndani. Karani achungulia tena, midomo yacheza mara tatu.) Tena, kwa ajili ya awamu ya pili! (Makofi, vigelegele.)

Kila mwenye kesi aitwe! ("Hatusikii!") Kila aitwaye asikie! ("Hatusikii!")

Namalizia kwa kuwashukuru wadau wote wa… Ebo, huyu mama mbona anatoka anacheka? Karani, unasemaje? Nani kaitwa mara tatu? Mimi? Imesikilizwa upande mmoja? Nibomoe lini? Jamani, ningesikiaje na makofi yote haya, wakati vipaza sauti vyenyewe hatujawahi kununua hata kimoja cha kujaribia! Asanteni kwa kunisikiliza.

(Umati wote: "Sasa tumesikia!")