Ruhusa ya Kumjibu Mzee Bonifasi

Alhamisi, 4 Juni 1998
Tarishi wa mahakama ameniletea wito. Mzee Bonifasi anadai nyumba yake ya Bangwe. Yaani hii ninayokaa. Siku hizi mashirika ya wakimbizi yanapanga kila nyumba yenye bati, na mimi silipi kitu. Lakini mwenyewe alituandikia kwamba tukae hadi tufe, kwa kuwa mke wangu Verediana alimuuguza mama yake miaka mitatu. Verediana amekufa. Mimi bado. Karatasi iko sandukuni, chini ya kanga zake. Kesi nimeshashinda.

Ijumaa, 5 Juni
Nimekwenda mahakamani na karatasi. Nimevaa koti. Dada Esther, karani, akasema taratibu, baba. Hii ni kesi ya muhtasari. Hujitetei mpaka uombe kwanza ruhusa ya kujitetea. Kwa kiapo, ndani ya siku ishirini na moja, la sivyo mzee anapewa nyumba bila wewe kuulizwa neno. Nikamuuliza kama kuna ruhusa ya kuomba ruhusa. Hakucheka.
Siku ishirini na moja ni nyingi. Ninayo njia fupi.

Jumanne, 9 Juni
Njia yenyewe ni pombe ya ndizi. Kwetu Uha, waliogombana wakinywa chungu kimoja kwa mirija, ugomvi umekwisha. Shemeji yangu Skolastika amekubali kuitengeneza, ila ameuliza hakimu ataletewa mrija wake au atatumia wangu. Ana mdomo kama wa marehemu dada yake. Nimefurahi kuusikia.

Jumapili, 14 Juni
Mzee Bonifasi amekuja baada ya ibada. Nikampa shikamoo, akaitikia vizuri. Tukanywa. Akakumbuka jinsi Verediana alivyokuwa akimkuna mama mgongo kwa gunzi la muhindi. Hilo nilikuwa nimelisahau. Tukalia kidogo, wote wawili. Nilipotaja nyumba akasema, "Mdogo wangu, mimi na wewe tumemaliza."
Skolastika anasema nikaape hata hivyo. Kumwapia mtu mahakamani baada ya kunywa naye? Ni matusi. Siendi.

Ijumaa, 26 Juni
Siku ya ishirini na mbili. Nimekwenda kumpa Dada Esther habari njema. Akafungua faili. Mzee hakuondoa kesi. Asubuhi hii ameomba hukumu, akapewa.
Nikamkuta nje anafunga mnyororo wa baiskeli. Akasema ya chunguni tumemaliza kweli, ila hii iko kwa hakimu, na yeye si hakimu. Alisema kwa upole, nikashindwa kukasirika.
Dada Esther amenielekeza maombi mapya: hukumu itenguliwe, nipewe ruhusa. Nimeapa, nimetia saini. Yamebaki kupigwa taipu nakala, kisha niyafikishe kwake kabla ya Jumatano. Jumatano dalali wa mahakama anakuja kunitoa.

Jumatatu, 29 Juni
Nakala tayari. Goti limevimba. Mzee Bonifasi amepita, akanikuta kibarazani na bahasha, akauliza ya nini. Nikamwambia kweli. Sijazoea kumficha. Akasema anakwenda mjini sasa hivi, mahakama iko njiani kwake, goti nalitesea nini?
Nimempa bahasha, maombi pamoja na ile karatasi ya nyumba. Nimemsisitizia aiweke mkononi mwa Dada Esther, si kwa mwingine. Akaahidi. Nikamtolea hela ya soda, akakataa kabisa.
Watu hawamjui vizuri yule mzee.