Rumada za Bwana Wazir

Jumamosi, mwezi 4 Mfunguo Saba, 1330

Daftari langu, niwie radhi. Tangu Mfunguo Tatu sijakutia wino. Sikuwa mgonjwa, wala sikuwa safarini. Nilikuwa na haya. Mtu wa miaka sitini na miwili, mwenye nyumba ya mawe hapa mtaa wa Langoni, hapendi kuandika kila siku kwamba mashua yake inakwenda upande.

Naam, Taufiki inakwenda upande. Leo imefanya hivyo mbele ya mji mzima. Tulikuwa tukirudi kutoka Manda na shehena ya mawe, usukani nimeushika mwenyewe. Nilitaka kwenda kulia. Mashua ikafikiri kwanza, kisha ikaenda kushoto, ikapanda ngazi za bandarini. Vidato viwili vizima! Muuza kahawa aliyeketi hapo akauliza tunataka vikombe vingapi.

Nikamlaumu Madi, baharia wangu, kwa kuyapanga mawe vibaya. Madi ni mtu wa Pate na hakufundishwa kunyamaza. Alisema mawe hayana kosa, chombo ndicho kisichoyua ndia, njia kwa lugha ya kwao. Wazee barazani wakacheka. Jirani yangu, Bwana Wazir, angecheka kuliko wote, lakini yuko Mombasa. Nashukuru kwamba kuna Mombasa.

Nyumbani, habari nzito. Rahima, binti yetu wa pekee, aliyeolewa Siyu, ameingia mwezi wa tisa. Kwa desturi mtoto wa kwanza huzaliwa nyumbani kwa wazazi wa mama. Kwa hiyo lazima achukuliwe Mtangawanda, bandari ya watu wa Siyu, kabla wiki hii haijaisha. Nikasema nitakwenda na Taufiki. Mke wangu, Bi Mwanatumu, akasema mwanawe hatatia mguu mle, afadhali azalie shambani kwa mumewe kuliko kuzalia kwenye ngazi za bandarini. Nikamjibu kwamba mashua haina kosa lolote. Sasa inabidi nilipate kosa hilo na kuliondoa kabla halijajulikana kwamba lipo.

Jumapili, mwezi 5

Nimeligundua! Ni kana, ule mkono wa mti ambao nahodha huushika kugeuza usukani. Umelegea kichwani. Nilihitaji mti mgumu, ulionyooka, uliokauka vizuri. Nikaupata jikoni. Madi akauchonga ncha, nikauchomeka mwenyewe. Kazi safi.

Tukajaribu hadi Shela. Taufiki ilikwenda upande kama kawaida, sasa kwa kana mpya. Tulilizunguka jahazi moja la Waarabu mara mbili bila kukusudia. Nahodha wake alidhani tunamsalimu, akatupungia kilemba.

Niliporudi, Bi Mwanatumu alikuwa akiutafuta mchi wa kinu chake. Nikasema wezi wamezidi mjini.

Jumatatu, mwezi 6

Bi Mwanatumu amekwenda pwani kununua samaki, akauona mchi wake umechomekwa kwenye usukani. Umerudi jikoni. Sitaandika aliyoyasema.

Nimemwita Bwanamkuu, mhunzi kutoka Siyu mwenye kiwanda chake hapa Langoni. Hakuitazama kana. Hakutazama tanga wala mpangilio wa mizigo, mambo ambayo nilikuwa tayari kumweleza kwa kirefu. Alichuchumaa tu nyuma ya mashua, akaushika usukani chini kwa mikono miwili, akautikisa. Ko! Ko! Ko! Kama mzee asiye na meno anayetafuna bisi.

Akazichomoa rumada, zile pini mbili nene za chuma zinazoushika usukani kwenye mashua. Zimeliwa! Katikati zimekonda kama kiuno cha nyigu. Akasema kwamba muda wote huu nimekuwa nikimtia mgonjwa dawa ya jicho naye anaumwa goti. Akasema pia kwamba zikikatika katika mkondo wa Mkanda, ule mlango mwembamba wa kwenda Mtangawanda, usukani utang'oka, na maji yatawapeleka waliomo yanakotaka yenyewe. Hilo hakulisema kwa mzaha.

Nikamwambia anifulie mpya leo hii. Akasema hana chuma, kinakuja na meli, nisubiri siku kumi. Siku kumi! Kisha akaanza kujisifu. Rumada zote za Langoni hutoka mkononi mwake, kwa kipimo kimoja. Hata zile alizomfulia Bwana Wazir mwezi uliopita zingeingia kwangu kama kidole kwenye pete.

Alisema hivyo kwa kujisifu tu. Mimi nimeyachukua kuwa ni shauri.

Baada ya chakula cha mchana mji wote ulilala. Maji yalikuwa yametoka. Neema, mashua ya Wazir, ilikuwa imekaa mchangani peke yake, na usukani wake mahali pake. Nilichukua nyundo ya mti, nikaizungushia kitambaa.

Mimi si mwizi. Mwizi huchukua asiache kitu. Mimi nimechukua rumada mbili nikaacha rumada mbili, tena zangu nimezipaka mafuta ya papa zikapendeza. Wazir mwenyewe alitangaza kabla ya kusafiri kwamba Neema haitaingia majini mpaka ipakwe deheni, ile dawa ya mafuta na chokaa ya kulinda mbao, na kazi hiyo ni ya wiki kadhaa. Kufikia hapo Bwanamkuu atakuwa amenifulia zangu, na zake nitazirudisha. Ni mkopo. Upungufu wake ni mmoja tu: mkopeshaji hajaambiwa.

Jumanne, mwezi 7

Imenyooka! Imenyooka kama uzi wa mwashi! Nimekwenda Shela na kurudi bila kumgusa mtu.

Madi aliuliza rumada zimetoka wapi. Nikamkumbusha kwamba kazi ya baharia ni kuteka maji yanayoingia mashuani. Akasema maji hayamo. Nikamwambia basi na ayangojee.

Bi Mwanatumu sijamwambia. Nataka ashangae. Alhamisi asubuhi nitamtangazia, na Ijumaa baada ya sala nitamletea mwanawe mlangoni.

Jumatano, mwezi 8

Wazir amerudi kutoka Mombasa. Amekuja na mwavuli wenye mpini wa pembe, na ameketi nao barazani ameufungua, chini ya dari. Akaniuliza kama Taufiki imekwisha kushuka ngazi. Habari imefika hadi Mombasa!

Nikamjibu kwamba haijambo. Nikampa kahawa, nusu kikombe na nusu sahanini. Nikauliza, kama mtu asiyejali, Neema itapakwa deheni lini. Akasema wiki ijayo, Mungu akipenda. Nikapumua.

Alhamisi, mwezi 9

Naandika viganja vyangu vikiwa na malengelenge.

Asubuhi nilimkuta Bi Mwanatumu akitandika kitanda cha uzazi na kuimba. Nikaona huu ndio wakati. Nikamwambia Taufiki imepona, kesho nitamchukua Rahima. Akasema nisijisumbue, Rahima anachukuliwa leo.

Na nani? Na Bwana Wazir. Jana jioni Bi Mwanatumu alikwenda kumwomba mke wa Wazir, na Wazir alikubali hapo hapo, akasema deheni inaweza kungoja, mtoto hangoji. Wameondoka baada ya sala ya alfajiri: Wazir, mabaharia wawili, mkunga, na dada yake Bi Mwanatumu. Kwa Neema.

Neema! Nikakaa juu ya kinu.

Nilifungua kinywa nimwambie. Yaliyotoka ni kwamba leo kuna joto. Akasema, "Wewe mume wangu, hata furaha hujui kuionyesha." Nikatoka mbio. Bila kilemba, bila viatu. Langoni nzima ilinifuata kwa macho. Mwanamke mmoja akapiga kelele kwamba kuna moto. Pwani, mahali pa Neema pana alama tu ya mkuku wake, ule uti wa chini, mchangani.

Madi alikuwa akila muhogo. Nikamtupa mashuani na muhogo wake.

Katika Mkanda kila kilichoelea nilikiona usukani. Tawi la mkoko: nikasema Innalillahi. Kikapu kilichotoboka: nikasema tena. Upepo ukatuacha, tukashika makasia. Madi akauliza tunatafuta nini. Nikamwambia. Nilimwambia yote, nyundo, kitambaa na mafuta ya papa. Akauweka muhogo chini. Kisha akasema, "Bwana Gharib, mwana ni wako." Akavuta kasia kwa nguvu nisiyoijua kwake.

Na Taufiki, laana yangu, ilikwenda imenyooka njia nzima. Sijapata kukichukia kitu kama nilivyokuchukia kule kunyooka.

Mtangawanda. Neema imetia nanga, nzima. Ufukoni, kivulini, Rahima ameketi juu ya mkeka anakula embe bichi kwa chumvi, na mumewe Jeilani, aliyemleta kwa punda kutoka Siyu, anampepea. Rahima akasema, "Baba! Kilemba kiko wapi?" Nikalia. Nikasema ni jasho. Akasema jasho la macho hajaliona.

Halafu Wazir akaja, mwavuli mkono huu, na mkono wa pili rumada zangu.

Alieleza mbele ya wote. Kila anaposafiri, kabla abiria hawajapanda, huushika usukani chini akautikisa, kama baba yake alivyomfundisha. Leo ulisema ko. Akazichomoa, akaona maajabu. Kwa bahati ana jozi ya akiba sandukuni, akaitia hiyo. Baadaye akanitazama kichwa kitupu, akanitazama miguu mitupu. Akasema kwa sauti kubwa kwamba kuna mtu Langoni amembadilishia rumada, na kwamba jina lake hataki kulijua. Anataka tu mtu huyo aelewe kwamba katika Neema mlikuwa na watu watano wa kwenda, na wa kurudi angeongezeka mmoja, na mwingine ambaye bado hajazaliwa.

Nikasema kweli kabisa, mtu kama huyo hafai kukaa na Waislamu. Madi akashikwa na kikohozi, ikabidi aende nyuma ya mikoko.

Wazir akaniuliza, kwa upole mwingi, kama Taufiki leo inakwenda sawa. Nikasema inakwenda. Akasema, "Basi mpakie binti yako mwenyewe, Bwana Gharib. Chako leo ndicho chombo chenye rumada bora." Sijawahi kutukanwa kwa adabu namna ile.

Rahima amekuja kwa mashua yangu, na mkunga pembeni yake. Amelala njia nzima. Mimi sikupepesa jicho. Tumefika kabla ya magharibi, na Bi Mwanatumu alipomwona mwanawe anashuka kutoka Taufiki alishika kifua. Kisha akanitazama. Kisha akaniletea maji ya kuoga, ya moto. Alhamdulillahi. Alhamdulillahi. Naandika mara mbili na bado ni chache.

Jumamosi, mwezi 11

Mtoto wa kike! Jana, kati ya sala ya Ijumaa na alasiri. Mama na mwana wazima. Babake hajafika, kwa hiyo nimemwadhinia sikioni mimi. Mtoto akapiga chafya. Bi Mwanatumu anasema kafanana na mimi, na kwamba huenda akapona akikua.

Leo nimezifunga rumada katika kitambaa kipya nikaenda kwa Wazir. Nikamwambia nimeziokota. Akauliza wapi. Nilikuwa nimeandaa jibu zuri, lenye mkondo wa maji na jamaa mmoja wa Faza. Mdomo ukasema, "Mashuani kwangu." Wazir alicheka mpaka mwavuli ukamwanguka. Kisha akaacha kucheka, akanishika bega, akasema yamekwisha, ila nimwahidi kwamba Taufiki itakaa mchangani bila rumada hadi Bwanamkuu amalize kazi yake. Nikaahidi. Akasema Bi Mwanatumu hatajua kitu kwake.

Nimetoka pale mwepesi kama pamba. Nimelala mchana bila kugeuka upande.

Jumanne, mwezi 14

Nimetafakari sana siku hizi, na ni wajibu wangu kuandika nilichojifunza, ili wajukuu wasome. Mtu asiguse chombo cha jirani yake. Jirani ana mke, mke wake anajuana na mke wako, na wawili hao hupanga safari bila ya kukuambia. Nimelielewa somo hili barabara.

Bwanamkuu ameleta habari kwamba meli imechelewa. Siku kumi na mbili zaidi. Na akika ya mjukuu wangu, karamu ya siku ya saba, ni keshokutwa! Wakwe wa Siyu watakuwa Mtangawanda kesho, watu tisa na mbuzi wawili, na Bi Mwanatumu amekwisha kutangaza mtaa mzima kwamba watachukuliwa na mumewe, kwa Taufiki, mashua inayokwenda sawa kuliko zote. Ametangaza kwa fahari. Ni miaka mingi hajanitangaza kwa fahari.

Wazir angenipa zake nikimwomba. Lakini kumwomba Wazir!

Leo asubuhi nimetembea pwani kwa ajili ya afya. Mashua ya serikali imevutwa mchangani, na bwana mkubwa amekwenda bara kuwinda, harudi mpaka mwisho wa mwezi. Nimeushika usukani wake chini nikautikisa, kwa uangalizi tu, kama mtu mwenye busara anavyopaswa kufanya. Hautoi sauti yoyote. Rumada nene, mpya, na kichwani zina alama ya nyundo ya Bwanamkuu. Kipimo kimoja.

Kosa langu la kwanza lilikuwa kukopa kwa jirani. Serikali si jirani.

Bado sijaamua. Nikishaamua, nitakuandikia.